Nani Aliyeiangamiza Valyria? Unyambulishaji wa Vitenzi na Tafsiri ya Mlipuko Usio na Shahidi

Katika riwaya za George R. R. Martin zilizoanza kuchapishwa mwaka 1996, na katika kitabu cha historia ya kubuni kinachofungamana nazo, The World of Ice & Fire (2014), himaya ya Valyria inaangamia kwa siku moja. Safu ya milima ya volkano, ambayo hapa itaitwa Ndimi Kumi na Nne, inalipuka kwa pamoja. Maziwa yanachemka, minara inaanguka, majoka yanaungua angani, na rasi nzima inavunjika vipande vipande na kuingiliwa na bahari. Tukio hilo ndilo kitovu cha historia ya ulimwengu wa Martin. Hata hivyo, hakuna sura hata moja ya riwaya inayolisimulia kwa macho ya mtu aliyekuwapo. Msomaji hupewa masalia tu. Tyrion Lannister, katika riwaya ya mwaka 2011, anapita mbali baharini na kuona wekundu angani. Arya Stark, katika riwaya ya mwaka 2005, anasimuliwa juu ya migodi iliyokuwa chini ya milima hiyo, ambamo watumwa walikufa kwa joto na moshi. Masalia mengine ni lugha zenyewe, kwa kuwa miji iliyokuwa makoloni ya Valyria huzungumza lugha zilizotokana na Kivalyria. (Kwa sababu hiyo neno ndimi, lenye kubeba moto na usemi kwa pamoja, linafaa kuliko miali.)

Kwa kuwa hakuna shahidi, chanzo cha mlipuko kinabaki kuwa mjadala ndani ya ulimwengu huo wenyewe. Kitabu cha mwaka 2014 kimeandikwa kana kwamba ni kazi ya mwanazuoni aitwaye Yandel, naye anaweka maelezo yanayopingana bila kuufunga mjadala: wengine husema lilikuwa janga la kimaumbile, baadhi ya makasisi husema ilikuwa adhabu kwa dhambi za Wavalyria, wengine husema wachawi walikuwa wameizuia milima kwa karne nyingi, hata siku nguvu zao zilipolegea. Neno la Kiingereza linalotumika kulitaja tukio, doom, ni nomino iliyo tayari, isiyodai kitenzi wala mtenda. Mwandishi anaweza kulirudia mara mia asiulizwe nani alifanya nini. Mfasiri wa Kiswahili hana fursa hiyo. Mofolojia ya lugha yake inamtaka aamue.

Suala linaanzia kwenye vitenzi. Kiswahili kina jozi nyingi za aina ya pasua na pasuka, bomoa na bomoka, lipua na lipuka, ambamo umbo lenye -k- humwondoa mtenda katika muundo wa sentensi. Tofauti hii si sawa na ile ya kauli ya kutendwa. Sentensi “Mlima ulilipuliwa” humficha mtenda lakini humhifadhi. Anaweza kurejeshwa wakati wowote kwa kihusishi na: “ulilipuliwa na wachawi”. Sentensi “Mlima ulilipuka” haimfichi mtu yeyote, na *“ulilipuka na wachawi” haikubaliki kwa maana hiyo. Kinyume chake, “ulilipuka wenyewe” ni sentensi ya kawaida, ilhali “ulilipuliwa wenyewe” inagongana na maana yake. Wakazi wa Goma, mji ambao Kiswahili ni lugha yake ya kila siku, walipoikimbia lava ya Nyiragongo mwaka 2002 na tena mwaka 2021, kitenzi kilichofaa kilikuwa lipuka, kwa kuwa hapakuwa na wa kushtakiwa kwa mlipuko wenyewe. Kuhusu Valyria, kuandika lipuka kila mahali ni kuchagua upande wa wanaosema lilikuwa janga la kimaumbile.

Maelezo ya wachawi ndiyo magumu zaidi. Ndani yake hakuna aliyelipua. Yupo aliyeacha kuzuia. Lipua inamzidishia hatia na lipuka inamsamehe. Umbo rejeshi nalo halisaidii: “mlima ulijilipua” sasa linamvuta msomaji kwenye habari za washambuliaji wa kujitoa mhanga, jambo linaloiharibu taswira yote. Hapa mofolojia pekee haitoshi, na mfasiri hana budi kuongeza kishazi: mlima ulilipuka pale waliokuwa wakiuzuia waliposhindwa.

Kwenye nomino uamuzi ni mzito zaidi, kwa sababu jina la tukio litarudiwa kitabu kizima. Kiama linavutia. Neno la Kiingereza lenyewe lilimaanisha hukumu katika enzi zake za kale, na Kiama ni siku ya hukumu. Lakini neno hili, lenye asili ya Kiarabu, limejengwa juu ya dhana ya kusimama na kufufuka. Valyria haifufuki, na dunia iliyoizunguka inaendelea na vita vyake. Zaidi ya hayo, Kiama kinampa ushindi kasisi dhidi ya wanazuoni wengine wote. Maangamio, litokanalo na angamia, halimtaji mtenda. Maangamizi, litokanalo na angamiza lenye usababishi, humdai. Ni kweli kwamba katika matumizi ya kila siku tofauti hii hulegezwa, na wengi husema maangamizi hata penye mafuriko. Kulegezwa si kufutwa: katika “maangamizi ya Wayahudi” hakuna msomaji asiyejua kwamba kulikuwa na waangamizaji.

Pamoja na hayo, Maangamizi ya Valyria ndilo jina linalostahili kupendekezwa, na sababu yake iko kwenye kihusishi -a unganifu. Kirai hicho kina usomaji wa aina mbili: Valyria iliyoangamizwa, na Valyria iliyoangamiza. Himaya hiyo iliiteketeza Ghis ya kale, ikawavunja Warhoyne, ikajaza migodi yake watumwa. Maangamio ya Valyria hayana usomaji huo wa pili. Mfasiri anapoteza ukimya wa neno la Kiingereza, lakini anapata kirai ambamo mhanga na mkosaji wanashiriki jina moja, na swali la nani aliyetenda linabaki wazi kwa njia ya Kiswahili chenyewe. Lipuka na maangamio yabaki kwa Tyrion, anayetazama kwa mbali.

Mahali pa hatari kuliko pote ni masimulizi ya migodini anayopewa Arya. Msimulizi anaeleza jinsi muuaji wa kwanza wa kundi lake alivyowapa watumwa kifo kama zawadi, anadokeza kwamba mabwana nao wangeipata, kisha anaikata hadithi kabla ya kuufikia mlipuko. Mfasiri akiandika popote katika ukurasa ule kwamba milima ililipuliwa, atakuwa ameimalizia hadithi ambayo msimulizi aliikata kwa makusudi.