Kiporo cha Makusudi

Jumamosi ya diskasheni ina tatizo moja ambalo halimo kwenye ratiba yoyote ya chuo, nalo ni saa nne asubuhi. Watu wanafika saa mbili na maswali yao, saa tatu bado wana nguvu. Ikigonga saa nne mmoja anaaga kwamba anakwenda kununua chapati "mara moja", wawili wanamfuata, na mpaka saa sita kikundi kimebaki nusu. Nimeliona hilo miaka miwili mfululizo. Dawa yake ni chakula cha chumvi, chenye kushibisha, kiwepo pale pale, na mpishi asilazimike kukosa diskasheni ili akipike. Kazi kubwa iwe imefanyika usiku.

Wamarekani wana chakula cha namna hiyo. Wanakata mkate mkavu, wanaupanga kwenye bakuli la kuokea pamoja na soseji au mboga na jibini, wanaumwagia mayai yaliyopigwa na maziwa, wanafunika na kuacha ulale. Asubuhi unaingia kwenye oveni. Familia nyingi huula asubuhi ya Krismasi, siku ambayo hakuna anayetaka kusimama jikoni. Wanakiita kaseroli, jina la Kifaransa ambalo kwa Wafaransa wenyewe ni sufuria ya kawaida yenye mkono. Kwetu sisi tuliokula wali wa jana na chai ya rangi kabla ya kwenda shule, wazo lenyewe si geni. Ni kiporo, ila cha makusudi.

Sasa niseme kwa nini naandika. Mwaka jana, wiki ya kwanza ya UE, tulikuwa watu wanane getoni kwetu Msewe. Nilikuwa nimepata maelezo ya chakula hiki, yakisema "acha usiku kucha". Hayakusema acha wapi. Aliyeandika ana friji jikoni kwake, na kwake hilo halihitaji kusemwa. Mimi sina. Nikachanganya mayai, maziwa na mkate saa nne usiku, nikafunika sufuria na kitenge, nikaiweka mezani. Asubuhi haikunuka chochote. Niliipika ikaiva vizuri, watu wakasifu, mimi nikaongeza sahani ya pili. Kufika jioni watatu kati yetu walikuwa wanatapika na kuharisha. Mwenzetu mmoja alilala zahanati na dripu mkononi, na pepa ya Jumatatu hakuifanya. Hakuna aliyepima kile chakula, kwa hiyo siwezi kuapa. Lakini nimeshasoma vya kutosha kujua kwamba nisingekipa nafasi tena.

Bakteria wanahitaji vitu vitatu: maji, joto na muda, juu ya chakula chenyewe. Mkate uliolowa mayai na maziwa unawapa vyote. Usiku wa mwezi wa pili Dar, chumba chenye watu wawili hakishuki sana chini ya nyuzi 25. Baadhi ya bakteria wakipata mazingira mazuri huongezeka maradufu kila dakika 20 hivi. Tuseme chumba si kizuri kiasi hicho, kasi ipungue nusu. Kuanzia saa nne usiku hadi saa moja asubuhi ni saa 9, yaani maradufu mara 13. Bakteria mmoja anakuwa zaidi ya 8,000, na wala hakuanza mmoja. Ndiyo maana Shirika la Afya Duniani linashauri chakula kinachoharibika haraka kisikae kwenye joto la kawaida zaidi ya saa 2: kama ni baridi kiwe chini ya nyuzi 5, kama ni moto kiwe juu ya nyuzi 60.

"Lakini si uliipika?" Swali hilo nimeulizwa na kila mtu. Moto unaua bakteria wenyewe, kweli. Tatizo ni kwamba wapo wanaoacha sumu kwenye chakula wakati wanaongezeka, na baadhi ya sumu hizo hazivunjwi na joto la kupikia. Wali uliolala nje ya friji una hatari hiyo hiyo. Ukiupasha mpaka utoe moshi, bakteria watakufa na sumu inaweza kubaki. Najua bibi zetu walikula na wakaishi. Mimi nasimulia kilichotokea Msewe.

Kwa hiyo nikaacha kuuliza "nipike usiku au asubuhi" nikaanza kuuliza kipi kinaweza kulala. Jibu lake limenisaidia kuliko maelezo yote niliyowahi kusoma: kikavu kinalala, kilichofungwa kinalala, kilichomo ndani ya ganda lake kinalala. Chenye majimaji kisubiri asubuhi.

Usiku, basi, nachukua mkate mmoja mkubwa wa slesi, naukata vipande vya ukubwa wa kiberiti na kuutandaza kwenye sinia, juu yake kitambaa chepesi. Mkate laini wa leo ukilowa unageuka uji, wakati mkavu unanyonya mayai kama sponji na bado unashikilia umbo lake. Kama hewa ina unyevu, naupitisha kwenye kikaango kikavu dakika chache. Halafu dagaa. Nyama ya kusaga ni tamu, lakini ikishapikwa haiwezi kulala nje, na kuipika alfajiri ni kujitesa. Dagaa wa Kigoma mimi nawaona ndio wenyewe: natoa vichwa, nawakaanga bila mafuta mpaka wavunjike mkononi, kikombe kimoja kinatosha, nawafunga kwenye kopo. Mayai 8 yanabaki kwenye trei. Maziwa ni ya paketi ya muda mrefu ambayo haijafunguliwa, au ya unga. Vitunguu 3, hoho 2 na nyanya 3 vinakaa vizima. Hata mkaa naupima usiku, maana kutafuta mkaa saa kumi na mbili asubuhi ni hadithi nyingine.

Asubuhi saa moja naanza na vitunguu. Hapa usiwe na haraka, kaanga mpaka viwe vya kahawia, kwa sababu jibini hatuna na utamu lazima utoke mahali. Nyanya na hoho vinafuata, mpaka maji yakauke kabisa. Rojo la nyanya likibaki, chakula kitachuruzika. Epua, acha vipoe kidogo, la sivyo mayai yataganda vipandevipande kabla hujayaingiza jikoni. Mayai yavunje moja moja kwenye kikombe kabla ya kuyatia bakulini. Yai viza moja linatosha kukutupia mengine saba. Piga na vikombe 3 vya maziwa, yaani mililita 750 hivi, chumvi kijiko kimoja cha chai na pilipili manga. Paka mafuta sufuria pana, tandaza nusu ya mkate, weka mboga na dagaa, malizia mkate, mimina mayai taratibu huku ukikandamiza kwa kijiko ili vipande vya juu navyo vipate. Kina kisizidi vidole vinne, kwa sababu kikiwa kirefu kingo zitaungua katikati bado mbichi.

Kinaloweka nusu saa tu. Mkate ukiwa umekaushwa kweli na kukatwa mdogo, hiyo nusu saa inatosha. Usiku kucha wa Wamarekani ni kwa ajili ya vipande vikubwa na usingizi wao. Muda huo ndio wa kuwasha jiko, kuoga na kufungua daftari.

Oveni hatuna, lakini watu wa pwani wanaoka mikate ya kumimina siku zote bila oveni. Ni kupalia makaa juu ya mfuniko. Makaa mengi yakae juu, machache chini, kwa kuwa sehemu ya chini ndiyo inayoungua kwanza. Mwenye mtungi wa gesi wa kilo 6 aweke mchanga mkavu ndani ya sufuria kubwa, aupashe dakika kumi, kisha aingize chombo chake na kufunika. Kwa mkaa mimi huchukua dakika 45 hadi saa nzima. Chomeka kisu katikati. Kikitoka na majimaji ya yai, subiri. Moto ukizidi utaona maji yamejitenga pembeni. Hapo mayai yamekaza kupita kiasi na kuyabana maji yake nje. Kinalika, ila kinakuwa kama mpira.

Wenye friji mna raha yenu, na kwenu maelezo ya "usiku kucha" yanafaa, mradi mboga zipoe kwanza na chombo kiwe kifupi ili baridi ifike katikati. Lakini liangalieni friji lenyewe. La hosteli linalofunguliwa na watu kumi na wanne kila dakika ni kabati lenye taa. Na umeme ukikatika, friji lililofungwa bila kuguswa hutunza baridi kwa saa 4 hivi, si mpaka asubuhi. Ukiamka ukakuta saa ya ukutani inawaka sifuri na hujui umeme ulikatika lini, mwaga. Najua mayai nane yanauma, hasa bumu likiwa halijaingia.

Kwa wanaofunga au wasiokula dagaa, uyoga mkavu unafaa, na viazi vilivyochemshwa asubuhi hiyo hiyo vinaweza kuchukua nafasi ya nusu ya mkate. Soseji pia, kama mtu ana pa kuihifadhi. Kitakachobaki mezani saa nne na nusu hakiwi kiporo cha kesho. Kwa kawaida hakibaki.

Yule mwenzetu alifanya pepa yake baadaye, akafaulu, na bado yumo kwenye kikundi. Anakula sahani mbili. Ila kabla hajagusa huchukua kijiko, akaitazama sufuria, akaniuliza, "Kaka, hii umeilowesha saa ngapi?"

Jumamosi iliyopita ilikuwa saa moja na dakika ishirini na tano.

"Lete basi," akasema.