Kupotea na Kupotewa: Lugha na Ukweli katika Tamthilia ya Televisheni "Adam"

Makusudio ya makala haya ni kuichunguza tamthilia moja ya televisheni iliyotungwa juu ya kisa cha kweli cha kuibwa kwa mtoto, na kuonyesha jinsi vitenzi vya Kiswahili vinavyoweza kutusaidia kuipima. Tamthilia yenyewe ni "Adam", iliyoonyeshwa na shirika la NBC nchini Marekani tarehe 10 Oktoba 1983. Mwandishi wake ni Allan Leicht na mwongozaji ni Michael Tuchner. Daniel J. Travanti na JoBeth Williams waliigiza baba na mama wa mtoto. Yamkini msomaji atauliza kisa cha Florida kina uhusiano gani na idara ya lugha za Kiafrika. Jibu letu ni kwamba swali kuu la tamthilia hii ni swali la kisarufi: katika sentensi inayosimulia msiba, ni nani awe mtajwa wa kwanza?

Kwanza tukitazame kisa. Tarehe 27 Julai 1981, Adam Walsh, mtoto wa miaka 6, alitoweka katika duka la Sears mjini Hollywood, Florida. Mama yake alikuwa amemwacha kwa muda mfupi penye michezo ya video, naye akaenda kutafuta taa katika sehemu nyingine ya duka lilo hilo. Aliporudi hakumkuta. Majuma mawili baadaye, tarehe 10 Agosti, kichwa cha mtoto huyo kilionekana katika mfereji. Mwili uliobaki haukupatikana kamwe. Wakati huo polisi wa Marekani waliweza kuandikisha gari au bunduki iliyoibwa katika kompyuta ya FBI, lakini mtoto aliyeibwa mara nyingi hakuandikishwa humo. Wazazi, John na Reve Walsh, walipigania jambo hilo mpaka sheria ya watoto waliopotea ikatiwa sahihi mwezi wa Oktoba 1982.

Sasa tuvirejee vitenzi. Kiswahili kina "kupotea", kitenzi kisichokuwa na yambwa: mtoto amepotea, wala hakuna anayetajwa kuwa na hatia. Kina "kutoroka", ambapo mwenye kuondoka ndiye mtenda kwa hiari yake. Tukikinyambua tunapata "kutorosha", na hapo hiari inahamia kwa mshawishi. Kina "kuiba mtoto", na kina "kuteka nyara", usemi uliotoka vitani, kwa kuwa nyara ni mali ipatikanayo kwa kushinda adui. Lakini juu ya hivyo vyote lugha yetu ina "kupotewa". Kwa kiambishi kimoja tu, -w-, mtajwa wa sentensi anakuwa yule aliyebaki nyumbani. Twasema "wazazi wamepotewa na mtoto" kama tusemavyo "wamefiwa". Mwizi hatajwi, na mtoto anatajwa mwishoni. Anayeongoza sentensi ni mwenye uchungu.

Hadithi nyingi za uhalifu hutungwa katika kauli ya kutenda. Mtazamaji huvutwa na swali la nani aliyefanya na alifanyaje, na mara kwa mara mhalifu huondoka na sehemu kubwa ya mchezo. "Adam" haikufuata njia hiyo. Ni tamthilia ya kupotewa. Inawafuata baba na mama katika kungoja, katika kubisha milango ya wakubwa, na katika kudai sheria. Ni kweli kwamba hali yenyewe iliwalazimisha watunzi: mwaka 1983 hapakuwa na mtu aliyehukumiwa. Ottis Toole alikiri kisha akakana. Alifia gerezani mwaka 1996 bila ya kushtakiwa kwa kosa hili, na ni tarehe 16 Desemba 2008 tu ambapo polisi wa Hollywood walitangaza kwamba yeye ndiye muuaji, wakalifunga faili. Hata hivyo, mtunzi mwingine angeweza kuliziba pengo hilo kwa kumbuni muuaji. Kuliacha wazi kulikuwa ni kuheshimu ukweli, na pia kuwaheshimu wafiwa.

Jambo la pili ni mwisho wa tamthilia. Mchezo ulipokwisha, zilionyeshwa picha za watoto halisi ambao walikuwa hawajapatikana. Hapo fani ilibadilika: hadhira iliyokuwa ikitazama msiba wa mwingine iligeuzwa kuwa mashahidi. Wahenga walisema mbiu ya mgambo ikilia ina jambo, na mwisho ule ulikuwa mbiu hasa. Watazamaji wa usiku ule walikadiriwa kuwa milioni 38, na baadhi ya watoto wale walipatikana. Mwaka 1984 kiliundwa kituo cha kitaifa cha watoto waliopotea na wanaodhulumiwa, ambacho wazazi wa Adam walikuwa miongoni mwa waanzilishi wake.

Lakini haifai kusifu bila ya kupima. Mbiu ile ile iliyowaamsha watu iliwatia hofu kubwa ya mgeni asiyejulikana. Miaka ile zilitajwa hesabu za kutisha za watoto "waliopotea", na neno hilo moja lilibeba mambo yasiyofanana. Mwaka 1985 gazeti la Denver Post lilionyesha kwamba wengi wa waliohesabiwa walikuwa watoto waliotoroka nyumbani, au waliochukuliwa na mzazi mmoja katika ugomvi wa malezi. Kazi hiyo ilipata tuzo ya Pulitzer mwaka 1986. Uchunguzi wa serikali ya Marekani juu ya mwaka 1999 ulikadiria watoto 797,500 walioripotiwa kupotea. Kwa upande mwingine, waliotekwa na mgeni au mtu wasiyemjua sana, kwa namna ile mbaya kabisa ya kuwekwa mbali, kudaiwa fidia au kuuawa, walikadiriwa kuwa 115. Ni dhahiri kwamba kupotea, kutoroka, kutoroshwa na kutekwa nyara si kitu kimoja. Asiyevitenga vitenzi hivi hukosea hesabu, na akosaye hesabu humwonya mtoto juu ya mgeni njiani huku akisahau hatari iliyomo nyumbani.

Funzo kwa wanafasihi ni mambo mawili. Mtunzi wa tamthilia juu ya kisa cha kweli hana budi kuchagua kauli yake kabla ya kuchagua wahusika. Akichagua kutenda, ajue kwamba amempa mhalifu jukwaa. Nasi walimu tunapofundisha unyambuaji wa vitenzi, tusiridhike na majedwali ya viambishi ubaoni. Tumwonyeshe mwanafunzi kwamba kati ya "amepotea" na "ametoroshwa" mna shtaka zima, na kwamba kati ya "amepotea" na "tumepotewa" mna mama aliyesimama dukani, taa ameshaisahau, akiliita jina la mwanawe.