Uhai wa Vitu katika Fikra za Mtoto na Tatizo la Upatanisho wa Kisarufi

Mwaka 1926 Jean Piaget alionesha kwamba watoto wadogo huvihesabu kuwa hai vitu vinavyojiendea, kama jua, mawingu na maji ya mto. Wapo walioamini kuwa mwezi huwafuata wanapotembea. Susan Carey (1985) alilihusisha jambo hilo na uchache wa maarifa ya kibiolojia, si udhaifu wa mantiki, na hoja yake ina uzito zaidi.

Hata hivyo, maswali ya Piaget hayahamishiki kirahisi katika Kiswahili. Jina la mnyama kwa kawaida huchukua upatanisho wa ngeli ya A-WA hata umbo lake likiwa la ngeli nyingine: kiboko anakuja, si kinakuja. Mti nao, ingawa ni hai, unakua. Haukui kwa a-. Kwa hiyo anayemuuliza mtoto, "Je, jua li hai?" amekwisha kumdokezea kwa kiambishi kwamba jua si kiumbe, akisema "yu hai", amemdokezea kinyume chake. Mtafiti asiyelitambua hilo hupima sarufi akidhani anapima fikra. Afadhali mtoto apewe picha azipange mwenyewe, kisha asikilizwe anavyozieleza: mawingu yanakimbia, au wanakimbia?