Fahamu: Macho mazima, lakini namba zinahama safu

Mtoto ananakili hesabu ubaoni. Anaona 47, anainamia daftari, na namba imeshampotea. Anapoinua macho tena anaangukia mstari wa chini, na makumi anayaandika kwenye safu ya mamia. Mwalimu anaandika kwa wino mwekundu: "Mzembe." Akipimwa macho, huenda yakawa hayana kasoro yoyote.

Kwa watu wengi wenye ADHD, yaani hali inayoathiri umakini na utulivu, ugumu kama huo uko kwenye kumbukumbu ya muda mfupi ya mahali, yaani kushikilia akilini kitu kiko wapi huku ukifanya jambo jingine. Kipimo chake maarufu kimetokana na tasnifu ya Philip Corsi ya mwaka 1972, Chuo Kikuu cha McGill, Kanada. Vipande tisa vya mbao hutawanywa mbele yako. Mpimaji anavigusa kimoja kimoja, nawe unarudia kwa mpangilio uleule. Idadi inaongezeka mpaka ukosee. Mwaka 2005 watafiti wa Kanada walijumuisha tafiti 26 za watoto wenye ADHD, wakakuta kukumbuka mahali kumeathirika zaidi kuliko kukumbuka maneno.

Lakini si wote. Wapo wenye ADHD wanaofaulu kipimo hicho bila shida, kwa hiyo daktari hawezi kukitegemea peke yake kutambua ADHD.

Darasani, daftari la miraba, tarakimu moja kila mraba, husaidia safu zisihame. Afadhali zaidi, mpe maswali kwenye karatasi mezani, asilazimike kunakili ubaoni.