Ua la Mwambani

Haya wajukuu zangu, sogeeni. Leo sungura na fisi wapumzike. Nina kisa cha ua, na ni kisa cha kweli.

Ukitoka Tanga ukafika Muheza, kisha ukapanda milima ya Usambara Mashariki mpaka msitu wa Amani, utakuta vijito vinavyoporomoka kati ya miamba mikubwa. Chutama hapo kivulini, utazame nyufa za jiwe. Utaona mmea mfupi ulioinama, majani yake manene yana manyoya laini kama sikio la mwanambuzi. Maua yake ni ya rangi ya zambarau, na katikati yana vitone viwili vya manjano.

Mwaka 1892, Wajerumani wakitawala Tanga, ofisa wao Walter von Saint Paul-Illaire aliliona ua hili, akampelekea baba yake mbegu huko Ujerumani. Baba naye akampa Hermann Wendland, mkuu wa bustani ya mimea ya Herrenhausen mjini Hannover. Mwaka 1893 Wendland akaliita Saintpaulia. Ua la Usambara likabeba jina la mgeni! Mimi jambo hilo huniuma hadi leo.

Basi ua likaenea. Jani moja tu, ukilichomeka na kikonyo chake kwenye udongo wenye unyevu, huchipua mimea mipya. Siku hizi watu wa Ulaya na Marekani hupamba madirisha kwa ua hili, na wakulima wa huko wamezalisha hata maua meupe na ya waridi.

Mtaniuliza, kama limejaa duniani, mbona huku kwao ni adimu? Sikilizeni. Mbegu zake ni ndogo kama vumbi, wala haziendi mbali. Kila mlima ni kama kisiwa, na baadhi ya milima ina aina yake peke yake. Kule Kenya, mlima Mbololo wa Taita una aina isiyoota porini kwingine kokote. Tena mizizi ya ua hili ni mifupi, imeshika udongo kiduchu uliokwama mwambani. Mti mkubwa unaoukinga ukikatwa, jua hulipiga jiwe, udongo hukauka, na mmea hufa hata kama hakuna aliyeugusa.

Mkifika Amani, litazameni mtakavyo, lakini msiling'oe. Na mkisikia shoka linalia juu ya kijito, mwambieni mwenye shoka habari za ua lililo chini yake.