Ijumaa Tarehe Mosi

Katika nchi ya Shire, isiyoonekana katika ramani yoyote ila ile iliyochorwa kwa ajili ya kitabu, mtu akitaka kutaja kwa mzaha siku isiyokuwako, au siku ambayo nguruwe wataota mbawa na miti itakwenda kwa miguu, husema: Ijumaa tarehe mosi. (Msomaji aliyekimaliza kitabu anajua kwamba miti hatimaye ilikwenda kwa miguu, lakini hayo ni mengine.) Mzaha huu hauna ladha kwa asiyejua hesabu iliyo ndani yake, kwani sisi tumekwisha kuona Ijumaa nyingi zikiangukia tarehe mosi pasipo shani yoyote, bali kwa Mhobiti, yule mtu mfupi mpenda chakula na utulivu, ni neno la kweli tupu, maana katika kalenda yake hakuna mwezi hata mmoja uanzao Ijumaa, wala hautakuwako.

Aliyeitunga kalenda hiyo ni Profesa J.R.R. Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, akachukuliwa Uingereza angali mtoto, na baadaye akawa mwalimu wa Kiingereza cha kale katika Chuo Kikuu cha Oxford. Kitabu chake kiitwacho The Lord of the Rings kilitoka kwa juzuu tatu katika miaka ya 1954 na 1955, na mwishoni mwa juzuu ya tatu, baada ya hadithi kwisha, aliweka nyongeza kadha wa kadha, mojawapo ikiwa ya taarikhi na kalenda tu. Aghalabu watunzi wa ngano za namna hii huridhika kuupa mwezi jina la ajabu na kutundika jua la pili mbinguni. Tolkien aliacha mbingu ilivyo, akaishughulikia hesabu.

Na hesabu yenyewe ni hii. Mwaka wa Wahobiti una miezi 12, na kila mwezi una siku 30 kamili, hapana mrefu wala mfupi, ndipo jumla ikawa siku 360. Zile tano zinazosalia ili kulifikia jua hazikutiwa katika mwezi wowote, bali ziliachwa nje zikawa sikukuu: mbili huitwa Yule, moja ikifunga mwaka na ya pili ikifungua mwaka mpya, na tatu ziko katikati ya mwaka, penye siku za Lithe, ambako kila mwaka wa nne huongezwa siku moja ya karamu kubwa, ila katika mwaka wa mwisho wa karne. Walakini siku 365 hazigawanyiki kwa saba. Hubaki moja, na hiyo moja ndiyo inayozisukuma siku za juma kila mwaka mbele ya tarehe zake. Wahobiti, ambao hawapendi kusumbuliwa, walikata shauri zamani za mkuu wao Isengrim wa Pili kwamba Siku ya Nusu Mwaka, ile ya kati katika siku za Lithe, pamoja na ile ya nyongeza, zisipewe jina lolote la juma: zipite tu, zisiwe Jumatatu wala Jumanne. Tangu hapo kila mwaka wao huanza Jumamosi ukaisha Ijumaa, kalenda moja ikatosha kwa miaka yote, tarehe 22 Septemba, siku aliyozaliwa Mhobiti Bilbo wa kitabuni, ikawa Alhamisi daima, na watu wakaacha kuandika jina la siku katika barua zao, kwani lilikuwa halina faida tena.

Hapa ndipo msomaji wa Kiswahili anapompita msomaji wa Kiingereza. Tolkien alilazimika kuwaeleza Waingereza, kwa maneno yasiyopungua, kwamba katika Shire juma huanza Jumamosi, na kwamba Ijumaa ndiyo siku kuu yake, siku ya kuacha kazi adhuhuri na kukaa karamuni jioni. Sisi hatuna haja ya kuelezwa, kwa kuwa Jumamosi hujitaja yenyewe kuwa ni ya mosi, na utukufu wa Ijumaa tumeukuta. Wala hizo siku tano za nje si ngeni kwetu. Manahodha wa pwani walikuwa na mwaka wao wa jua, mbali na ule wa mwezi mwandamo, wakiuhesabu kwa miongo, yaani makumi ya siku, miongo 36 ikifanya siku 360, kisha siku tano za kukamilisha, ndipo ifike Nairuzi, Siku ya Mwaka, ambayo watu wa Makunduchi, Unguja, huiadhimisha mpaka leo kwa Mwaka Kogwa. Sababu yake ni dhahiri: mwaka wa mwezi hurudi nyuma kiasi cha siku 11 kila mara, basi hauwezi kumwambia nahodha lini kusi itavuma, wala mkulima lini apande. Sidai kwamba Tolkien aliyajua haya. Wamisri wa kale nao walihesabu vivyo hivyo, miezi ya siku 30 na tano za ziada. Nasema tu kwamba kalenda yake yasadikika kwa sababu wanadamu wa kweli, wenye mashamba na vyombo, walikwisha kuifikia hesabu hiyo kabla yake.

Majina ya miezi nayo hakuyaokota hewani. Solmath, Rethe, Halimath na mengineyo yametoka katika majina ya kale ya Waingereza aliyoyaandika mtawa Bede mwaka 725, yakasagwa kidogo kama yasagikavyo maneno midomoni mwa watu kwa karne nyingi. Mwezi mmoja, Winterfilth, ambao asili ya jina lake ni kutimia kwa mwaka kabla ya baridi, wasikika kwa sikio la leo kama uchafu, na Tolkien akawapa majirani wa Bree mzaha wa kuwacheka watu wa Shire kwa jina hilo. Ama lile kabila jingine la kitabuni lisilokufa, mwaka kwao ni kitu kidogo mno, nao huhesabu kwa mafungu ya miaka 144.

Kuna watakaouliza, ya nini taabu yote hii katika hadithi? Jibu wanalo wasomaji wa Mashimo ya Mfalme Sulemani. Rider Haggard, katika chapa ya kwanza ya kitabu hicho ya mwaka 1885, alilifanya jua lipatwe siku zilezile ambazo mwezi ulikuwa mpevu usiku, jambo lisilowezekana, kwani jua hupatwa mwezi ukiwa haujaandama. Ikambidi abadili baadaye, upatwe mwezi badala ya jua. Tolkien, alipogundua mwaka 1944 kwamba mwezi wa mbinguni haukupatana katika safari za mashujaa wake waliokuwa wametengana, alirudi nyuma akasahihisha.

Je, ingaliwezekana kalenda hii itolewe kitabuni itumike duniani? Ajabu ni kwamba katika miaka hiyohiyo kitabu kilipotoka Umoja wa Mataifa ulikuwa na shauri mezani la kalenda iliyofanana nayo kwa jambo kubwa, ile siku ya mwisho wa mwaka isiyo na jina la juma. Wenye dini waliipinga, na haki ilikuwa yao: siku moja ikipita bila jina, Ijumaa ya msikitini ingekuwa Alhamisi ya serikali, na mwaka wa pili Jumatano, na Sabato ya Mayahudi na Jumapili ya Wakristo zingetangatanga vivyo hivyo. Wahobiti hawana msikiti, kanisa wala sinagogi, ndiyo maana mageuzi yao yalipita pasipo mtu kunung'unika. Shauri la Umoja wa Mataifa liliahirishwa mwaka 1956 bila kutajwa siku ya kulirudia, na Mhobiti yeyote angeweza kuitaja.