Dhahabu Iliyo Ndani ya Kipimo cha Malaria

Mstari mwekundu unaojitokeza kwenye kipimo cha malaria katika zahanati za Songea, kwa aina nyingi za vipimo vinavyotumika, ni dhahabu. Si damu ya mgonjwa iliyogandia pale, wala si wino. Ni dhahabu halisi, madini yaleyale yanayochimbwa Geita, ila imefanywa punje ndogo mno hata ikapoteza umanjano wake na kuwa nyekundu. Kwa sababu ya punje hizo, kile kijipande cha plastiki ambacho mgonjwa hukitupia jicho mara moja na kukisahau kinastahili kuhesabiwa miongoni mwa vifaa vya nanoteknolojia vilivyosambaa zaidi duniani.

Likitajwa neno nanoteknolojia pamoja na tiba, wengi huwaza vijiroboti vinavyoogelea ndani ya mishipa ya damu vikisaka saratani. Vya namna hiyo bado ni kazi ya maabara. Kilichokwisha kufika Lizaboni, Mjimwema, Peramiho na vijiji vya Namtumbo ni kipimo hiki cha haraka, ambacho wahudumu wa afya hukiita mRDT, na kimefika kimyakimya, bila mtu kutangaziwa kwamba sayansi mpya imeingia kijijini.

Nanomita moja ni sehemu moja ya milioni ya milimita. Kwa kawaida wataalamu hukiita kitu cha nano kikiwa na ukubwa kati ya nanomita 1 na 100. Chembe nyekundu ya damu ina upana wa nanomita 7,000 au zaidi kidogo, na punje ya dhahabu inayotumika kwenye vipimo hivi huwa na nanomita zipatazo 40. Darubini ya kawaida ya maabara, ambayo humwezesha mtaalamu kukiona kimelea cha malaria kikiwa ndani ya chembe ya damu, haiwezi kuonyesha umbo la punje hiyo.

Lakini udogo peke yake si hoja. Hoja ni kwamba kitu kikifikia udogo huo hubadili tabia. Mwanga unapoipiga punje ya dhahabu ya kiasi hiki, elektroni zake hutikisika kwa pamoja, zikanyonya sehemu ya kijani ya mwanga na kuiacha nyekundu ipite. Maji yaliyojaa punje hizo huonekana mekundu yaliyokolea, bila kutiwa rangi yoyote. Michael Faraday, mwanasayansi wa Uingereza, aliliona jambo hili maabarani na mwaka 1857 akalieleza mbele ya wenzake jijini London. Baadhi ya chupa zake zimehifadhiwa hadi leo katika Royal Institution, na umajimaji uliomo bado ni mwekundu. Ilimchukua Mjerumani Gustav Mie hadi mwaka 1908 kueleza kwa hesabu kwa nini rangi inatokea. Mwaka 1951 John Turkevich na wenzake wa Marekani wakaonyesha njia nyepesi ya kuzitengeneza: chumvi ya dhahabu huchemshwa kwenye maji, huongezwa sitrati ya sodiamu, na baada ya muda mfupi maji hugeuka mekundu. Hakuna hata mmoja wao aliyekuwa akiiwazia malaria.

Tukitazame kifaa chenyewe kwa karibu. Ndani ya ganda la plastiki kuna utepe mwembamba wa nitroselulosi. Mhudumu hufuta kidole cha nne cha mgonjwa kwa spiriti, hukitoboa, huchukua damu mikrolita 5, ambayo ni kidogo kuliko tone zima, na kuiweka kwenye kishimo chake. Kisha hudondosha umajimaji uitwao bufa kwenye kishimo kingine. Bufa hupasua chembe za damu na kuanza kuupanda utepe, kama mafuta ya taa yanavyoupanda utambi wa koroboi, bila pampu wala umeme. Njiani hukutana na punje za dhahabu zilizokaushwa pale kiwandani, kila moja imepakwa kingamwili inayoitambua protini moja tu, HRP2, ambayo kimelea cha *Plasmodium falciparum* huimwaga kwenye damu ya mtu aliyeambukizwa.

Kama protini hiyo imo, kingamwili huinasa na punje ya dhahabu husafiri nayo. Mbele kidogo, mahali palipoandikwa T, zipo kingamwili nyingine zilizogandishwa kwenye utepe, nazo hushika protini hiyohiyo upande wake wa pili. Punje hukwama hapo. Punje moja haionekani, lakini zikikwama kwa wingi mstarini, jicho linaona wekundu. Dhahabu iliyobaki huendelea hadi kwenye herufi C, ambako kuna kingamwili za kuizuia hata kama mgonjwa hana malaria kabisa. Kazi ya mstari wa C ni kuthibitisha kwamba umajimaji umepita na punje bado ni nzima. Usipotokea, jibu si hasi wala chanya. Kipimo hakikufanya kazi na kirudiwe kwa kifaa kipya.

Hapa ndipo ninapotaka msomaji atulie, kwa sababu makosa mengi huzaliwa kwenye kusoma. Mstari wa T ukiwa hafifu, bado ni mstari, na jibu ni chanya. Uhafifu haumaanishi kwamba malaria ni ndogo na inaweza kungojewa. Muda nao ni sehemu ya kipimo: aina moja husomwa baada ya dakika 15, nyingine 20, na matone ya bufa hutofautiana kutoka kiwanda hadi kiwanda, kwa hiyo chupa ya bufa ya aina moja haitumiki kwa aina nyingine. Kipimo kilichoachwa mezani mpaka mchana kinaweza kuotesha mstari ambao haukuwepo kwa wakati wake. Pakiti hufunguliwa mgonjwa akiwa tayari ameketi, maana nitroselulosi huharibiwa na unyevu, na wanaoijua Songea ya Januari na Februari wanaelewa unyevu ni kitu gani.

Kabla ya vipimo hivi kuenea, homa karibu zote zilihesabiwa malaria. Mkoa wa Ruvuma, ilipo Songea, una nafasi yake katika historia hiyo: mwaka 2003 ulikuwa mkoa wa kwanza nchini kupata Maduka ya Dawa Muhimu, yaliyochukua nafasi ya maduka ya dawa baridi ili wananchi wa mbali wapate dawa bora kutoka kwa muuzaji aliyefundishwa. Lilikuwa jambo la maana sana. Hata hivyo muuzaji aliyefundishwa, kama hana kipimo, naye hubaki kukisia. Mwaka 2004 watafiti walichapisha matokeo kutoka hospitali za kaskazini mashariki mwa Tanzania: kati ya wagonjwa waliolazwa na kutibiwa malaria kali, chini ya nusu ndio waliokutwa na vimelea. Wengine walikuwa wakiugua kitu kingine huku dawa ya malaria ikiendelea kuingia mwilini. Mwaka 2010 Shirika la Afya Duniani, WHO, likaelekeza kwamba kila anayeshukiwa kuwa na malaria apimwe kwanza ndipo apewe dawa.

Gumu zaidi kupokewa ni jibu hasi. Mzee aliyeugua malaria tangu utoto humwambia nesi, "Mwanangu, malaria yangu naijua," na ni kweli anaijua homa, maumivu ya viungo na baridi, ila dalili hizo zinachangiwa na magonjwa mengi. Utafiti uliochapishwa mwaka 2014, uliowahusisha watoto 1,005 wenye homa katika kliniki za Dar es Salaam na Ifakara, ulikuta malaria kwa karibu mtoto mmoja tu kati ya kumi. Maambukizi ya njia ya hewa ndiyo yaliyoongoza, na mengi yalikuwa ya virusi. Mtoto mwenye homa ya mapafu akipewa dawa mseto peke yake anapotezewa siku ambazo hana. Kwa mzazi, jibu hasi liwe sababu ya kuuliza, "Basi ni nini?" na kusisitiza mtoto achunguzwe zaidi.

Liko na jambo linalowachanganya hata waliosoma. Mgonjwa hupimwa, hukutwa na malaria, humeza dozi nzima, hupona, kisha wiki mbili baadaye hupimwa tena na mstari unatokea. Wapo wanaokimbilia kusema dawa imeshindwa. Lakini HRP2 huweza kubaki kwenye damu kwa wiki kadhaa baada ya vimelea vyote kufa, na dhahabu huifuata protini hata kama kimelea hakipo. Kwa mtu wa namna hiyo darubini ndiyo yenye jibu, na hospitali kama ya rufaa ya mkoa, HOMSO, au ile ya misheni Peramiho haziwezi kuiweka kando darubini kwa sababu utepe ni wa haraka.

Wengine huuliza kama punje hizi zina madhara mwilini. Swali ni zuri, na sheria zimelijibu kwa kutofautisha vifaa kulingana na mahali punje zinapoishia. Nchini, vyote viko chini ya TMDA, Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba, iliyochukua jina hilo mwaka 2019, na wenyewe husema vifaa tiba na vitendanishi, kwa kuwa kinachoingia au kugusa mwili si sawa na kinachopima sampuli nje ya mwili. Umoja wa Ulaya nao uliyaandikia makundi hayo mawili sheria mbili tofauti mwaka 2017, na ile ya vifaa tiba hupanga vifaa vyenye nano kwa kutazama uwezekano wa chembe kubaki ndani ya mgonjwa. Kampuni ya MagForce ya Ujerumani, kwa mfano, ilitengeneza umajimaji wenye chembe za oksidi ya chuma unaodungwa kwenye uvimbe wa ubongo, kisha chembe hupashwa moto kwa sumaku inayobadilika mwelekeo. Hapo tahadhari ni kubwa, na ni haki iwe kubwa. Dhahabu ya mRDT haimgusi mgonjwa kabisa. Inakaa kwenye utepe na kuishia kwenye chombo cha taka za hospitali.

Tishio lililopo sasa linatoka kwa kimelea. Mwaka 2010 wanasayansi waliripoti kutoka Peru vimelea vya *falciparum* vilivyopoteza jeni ya HRP2. Mgonjwa wa vimelea hivyo anaumwa kweli, lakini utepe unaonyesha hasi. Baadaye vilionekana kwa wingi Eritrea, na pia Ethiopia na Jibuti. Tafiti zilizofanywa Tanzania, zikiwemo za Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, NIMR, zimevikuta kwa nadra sana, lakini ufuatiliaji hauwezi kusimama, kwa sababu kila kimelea kinachokwepa kipimo kinakwepa na dawa. WHO inashauri nchi ibadili kipimo pale upotevu huo wa jeni unapokosesha zaidi ya asilimia 5 ya majibu. Vipimo mbadala hutafuta pLDH, kimeng'enya ambacho kimelea hukitegemea kupata nguvu na hivyo si rahisi kukiacha. Ikibidi kuvihamia, punje za dhahabu zitapakwa kingamwili nyingine, na wahudumu wa Songea watahitaji kufundishwa upya matone mangapi ya bufa, dakika ngapi, na mstari upi unasema nini.